Amefungwa kwa kosa gani?

Ndugu wasikilizaji, juma hili naomba tuzungumze habari ya mtu kuzuiwa hospitali kwa nguvu ya sheria, ilhali hakuiba, hakupiga mtu wala hakutukana. Nimesukumwa na ujumbe wa mama mmoja, msikilizaji wetu wa hapa Dar es Salaam. Jina lake sitalitaja, wala la mwanawe.

Mwanawe huyo anaishi Marekani, katika jimbo la California. Vijana wenzake anaokaa nao nyumba moja walimpigia mama simu wakamwambia kuwa polisi wamekuja kumchukua, hawakumpeleka kituoni bali hospitali ya magonjwa ya akili, na kwamba atakaa huko saa 72. Mama alipopiga simu hospitali, aliambiwa kwa adabu kabisa kwamba hawawezi hata kumthibitishia kama mtu mwenye jina hilo yupo au hayupo.

Ndipo akaniandikia: "Mwanangu amefungwa kwa kosa gani? Nani amemhukumu? Na hizo saa 72 zikiisha, itakuwaje?"

Nianze kwa kumwamkia. Shikamoo mama. Mimi si mwanasheria wala daktari, lakini maswali yako matatu ni yale yale ambayo Wamarekani wenyewe wamekuwa wakiulizana mahakamani na katika mabunge yao kwa zaidi ya miaka 150. Majibu yake yapo, na mengine yaliandikwa kwa machozi ya watu. Nitayachukua moja baada ya jingine.

Swali la kwanza: amefungwa kwa kosa gani? Jibu ni kwamba hakuna kosa. Sheria iliyotumika si ya jinai. Hakuna mashtaka, na mtu hatoki hospitali akiwa na rekodi ya uhalifu. Wenzetu wa Marekani huhesabu jambo hili kuwa shauri la madai, yaani lipo upande ule ule wa sheria unaoshughulikia mikataba, mirathi na malezi ya watoto.

Aidha, hakuna sheria moja ya Marekani juu ya jambo hili. Nchi ile ina majimbo 50, na kila jimbo limejitungia ya kwake. Katika Florida iko sheria ya mwaka 1971 inayoitwa Baker Act, kwa jina la mbunge wa jimbo hilo, bibi Maxine Baker, aliyeipigania. Katika California watu hutaja namba ya kifungu tu, 5150, nayo imekuwa neno la mitaani. Mtu akisema "fulani kapigwa 5150" wote wameelewa, kama ambavyo hapa kwetu ukisema fulani kapelekwa Mirembe huhitaji kuendelea.

Lakini majimbo yote hayo yako chini ya Katiba moja, na Katiba hiyo, katika marekebisho yake ya 14 ya mwaka 1868, inakataza jimbo kumnyang'anya mtu yeyote uhuru wake bila kufuata utaratibu wa haki. Naomba mama uzingatie neno hilo, "mtu yeyote". Halikusema raia. Mgeni kutoka Magomeni au Mombasa amo ndani yake.

Sasa, kwa nini jimbo lipewe uwezo wa kumzuia mtu asiye na kosa? Wanasheria wa huko hutoa sababu mbili. Ya kwanza ni kwamba serikali ina wajibu wa kuwalinda watu wengine dhidi ya hatari. Ya pili ni kwamba serikali ni kama mzazi wa asiyejiweza, hivyo mtu akishindwa kabisa kujitunza kwa sababu ya ugonjwa, serikali huingia mahali pa mzazi. Sababu zote mbili zinasikika kuwa njema. Taabu ilianza pale ilipoulizwa ni nani atakayesema kwamba huyu ni hatari na yule hajiwezi.

Turudi nyuma kidogo. Mwaka 1860, katika jimbo la Illinois, mwanamke mmoja aliyeitwa Elizabeth Packard, mama wa watoto sita, alipelekwa kwa nguvu katika hospitali ya vichaa, kama zilivyoitwa wakati huo, katika mji wa Jacksonville. Aliyempeleka ni mumewe, mchungaji wa kanisa. Ugonjwa wa mama huyo ulikuwa nini? Alikuwa anapingana na mumewe waziwazi katika mambo ya dini. Sheria ya Illinois ya siku hizo ilimruhusu mume kumpeleka mkewe hospitali bila ushahidi uliotakiwa kwa watu wengine. Alikaa huko miaka mitatu. Alipotoka, mumewe akamfungia nyumbani, hadi shauri lilipofika mahakamani mwaka 1864. Raia waamuzi wanaoitwa juri walisikiliza ushahidi, wakatoka kushauriana, na baada ya dakika 7 wakarudi wakasema kwamba mama huyu ana akili timamu.

Elizabeth Packard hakurudi nyumbani kunyamaza. Aliandika vitabu, akazunguka majimbo, akawasumbua wabunge, na mwaka 1867 Illinois ikapitisha sheria kwamba mtu asizuiwe hospitali ya akili mpaka shauri lake lisikilizwe na juri.

Hata hivyo, miaka ilipopita, majimbo mengi yalirudi kuwaamini madaktari peke yao. Hoja yao haikuwa mbaya. Walisema kumpandisha mgonjwa kizimbani ni kumwaibisha na kumzidishia ugonjwa. Basi saini ya daktari mmoja au wawili na ombi la ndugu vikatosha. Hospitali zikajaa. Kufikia mwaka 1955, hospitali za akili za majimbo ya Marekani zilikuwa na wagonjwa wapatao 559,000, na wengi wao walikuwa wameingia mlango ambao hawakujua wangeutokaje.

Mmoja wa waliopitia mlango huo ni Kenneth Donaldson, na hapa, mama, ndipo lilipo jibu la swali lako la pili, kuhusu nani anahukumu. Mwaka 1957 Donaldson alipelekwa katika Hospitali ya Jimbo la Florida, mjini Chattahoochee, kwa ombi la baba yake mzazi, aliyeona kwamba mwanawe anadhani watu wanamfanyia njama. Madaktari wakasema ana skizofrenia. Akakaa humo karibu miaka 15. Katika miaka yote hiyo haikuonekana kwamba ni hatari kwa mtu yeyote wala kwake mwenyewe, na matibabu aliyopata yalikuwa hafifu mno. Rafiki yake wa tangu masomoni aliandika zaidi ya mara moja kwamba yuko tayari kumpokea na kumtunza. Kituo kimoja cha mjini Minneapolis nacho kiliomba kumpokea. Majibu yakawa hapana.

Alitoka mwaka 1971, naye aliwashtaki madaktari wa hospitali. Shauri lilipanda hadi Mahakama ya Juu ya Marekani, ambayo ndiyo ya mwisho nchini humo, na mwaka 1975 majaji wote wakakubaliana juu ya jambo moja. Walisema kwamba ugonjwa wa akili peke yake si sababu ya kumfungia mtu. Kama mtu si hatari, na anaweza kuishi salama nje kwa nguvu zake au kwa msaada wa ndugu na marafiki walio tayari, jimbo halina haki ya kumweka ndani na kumwacha tu hapo.

Miaka minne baadaye likaja shauri jingine, nalo linamhusu mama na mwanawe. Kijana aliyeitwa Frank Addington, wa jimbo la Texas, alikuwa ameingia na kutoka hospitali za akili mara nyingi. Mwaka 1975 alikamatwa kwa kumtishia mama yake, na mama huyo ndiye aliyeomba mahakama imlaze kwa muda usio na kikomo. Kilichobishaniwa mbele ya Mahakama ya Juu kilikuwa kiasi cha ushahidi. Wasikilizaji mnajua kwamba katika kesi ya deni hakimu hutazama mizani, na upande uliozidi kidogo ndio unaoshinda. Katika kesi ya mauaji, ushahidi lazima usiache shaka. Je, kumlaza mtu kwa lazima kuwekwe upande gani?

Mwaka 1979 majaji walijibu kwamba kuwekwe katikati. Ushahidi wa kesi ya deni hautoshi, kwa kuwa uhuru wa mtu si sawa na fedha za mkopo. Ushahidi wa kesi ya mauaji nao ni mzito mno, kwa kuwa tiba ya akili haina uhakika wa namna hiyo, na kwa kipimo hicho wagonjwa wengi wangekosa msaada. Basi wakaweka kipimo cha ushahidi ulio wazi na wa kuridhisha. Jimbo linaweza kupandisha kipimo likitaka, lakini haliwezi kukishusha.

Kwa hiyo mama, anayeanza ni afisa wa polisi au mtaalamu wa afya aliyeidhinishwa, anayeendelea ni daktari, na jambo likirefuka mwenye neno la mwisho ni mahakama. Hakuna mmoja kati yao anayeweza kumweka mwanao ndani muda mrefu bila kumpitia mwenzake.

Swali la tatu: saa 72 zikiisha? Katika California utaratibu ni huu. Afisa akiwa na sababu ya msingi kuamini kwamba mtu, kwa ugonjwa wa akili, ni hatari kwa wengine, au ni hatari kwake mwenyewe, au ameshindwa kabisa kujitunza, anaweza kumpeleka mahali pa kupimwa kwa muda usiozidi saa 72. Si lazima zitimie zote, maana daktari akiona hana haja ya kukaa, humruhusu kabla.

Zikiisha na madaktari wakaona bado hali si nzuri, hospitali inaweza kumzuia siku 14 zaidi, ikiwa wataalamu wawili wametia saini. Lakini ndani ya siku nne shauri lake lazima lisikilizwe palepale hospitali na mtu asiye mwajiriwa wa kumtibu, naye mgonjwa hupewa mtetezi wa haki za wagonjwa bila malipo. Akiona haki haikutendeka, anaweza kuomba jaji aamuru sababu za kuzuiwa kwake zielezwe mbele yake. Baada ya hapo sheria inaruhusu nyongeza za namna mbalimbali, kutegemea hatari yenyewe, na kila nyongeza ina masharti yake.

Hatua kubwa kuliko zote ni mahakama kumpa mgonjwa mlezi wa kisheria, ambaye anaweza kuamua mahali atakapokaa na hata matibabu yake. Ulezi huo hauzidi mwaka mmoja, na ukitakiwa kuendelea lazima uombwe upya. Mgonjwa ana haki ya kutaka juri, na California, katika hatua hii, imepandisha kipimo cha ushahidi mpaka kile cha kesi ya mauaji.

Liko jambo jingine linalowashangaza wengi. Kulazwa kwa lazima hakumaanishi kunyweshwa dawa kwa lazima. Mwaka 1986 mahakama ya juu ya jimbo la New York iliamua kwamba mgonjwa aliyezuiwa hospitali bado ana haki ya kukataa dawa, isipokuwa pana hatari ya papo hapo, au jaji ameridhika kwamba hana uwezo wa kupima jambo hilo kwa akili yake. Mwaka uliofuata mahakama ya California nayo ilitoa uamuzi wa kufanana na huo. Yaani mtu anaweza kuwa ndani ya wodi, mlango umefungwa, na kidonge kiko mezani hakijamezwa.

Ningeweza kuishia hapa, ndugu wasikilizaji, nikasema tazameni jinsi wenzetu wanavyoheshimu uhuru wa mtu. Lakini mama yule alinitumia ujumbe wa pili, na huo uliingia saa nane za usiku.

Alisema vijana wamemweleza mambo ambayo hawakuyasema mara ya kwanza. Kwamba mwanawe ana miezi halali vizuri. Kwamba anazungumza na watu wasioonekana. Kwamba aliacha kazi, akaacha kula chakula kilichopikwa na wenzake kwa kudhani kina sumu, na siku tatu kabla ya kuchukuliwa alilala nje kwenye baridi. Kisha mama akaandika hivi: "Mwanangu, sasa naogopa watamwachia."

Nikausoma ujumbe wa mchana na ule wa usiku, nikaona kwamba katika mioyo ya watu wanaompenda mgonjwa hofu hizi mbili huishi pamoja, na hakuna inayoifukuza nyenzake. Waswahili husema adhabu ya kaburi aijuaye maiti. Na historia ya sheria za Marekani baada ya shauri la Donaldson ndiyo historia ya ile hofu ya pili.

Sheria ya California niliyoieleza ilitiwa saini mwaka 1967 na gavana wa wakati huo, Ronald Reagan, ambaye baadaye alikuwa Rais. Nia yake ilikuwa kukomesha kufungiwa kwa watu miaka nenda miaka rudi. Wakati huo huo dawa mpya zilizoanza kutumika huko miaka ya 1950 zilikuwa zimewatuliza wagonjwa wengi, na mwaka 1963 Rais John Kennedy alikuwa ametia saini sheria ya kujenga vituo vya afya ya akili karibu na makazi ya watu, ili mgonjwa atibiwe akiwa nyumbani kwake. Ilikuwa moja ya sheria zake za mwisho, maana aliuawa majuma matatu baadaye.

Hospitali zikafungwa kweli. Vituo vingi, hata hivyo, havikujengwa. Juu ya hayo, mpango wa serikali wa kuwagharimia matibabu watu wasio na uwezo, ulioanza mwaka 1965, ulikataa kulipia watu wazima waliolazwa katika hospitali za akili zenye vitanda zaidi ya 16, na kwa sehemu kubwa bado uko hivyo. Majimbo yakawa na kila sababu ya kufunga wodi. Kutoka wale wagonjwa 559,000 wa mwaka 1955, leo vitanda vya hospitali za majimbo havifiki 40,000, katika nchi ambayo idadi ya watu wake imeongezeka maradufu, na sehemu kubwa ya vitanda hivyo inakaliwa na watu walioletwa na mahakama za jinai.

Wagonjwa walikwenda wapi? Wengi walirudi kwa ndugu zao wakaishi maisha yao, na hilo ni jema, lisisahauliwe. Lakini wengine waliishia chini ya madaraja, na wengine jela. Jela ya wilaya ya Los Angeles mara nyingi huitwa hospitali kubwa ya akili nchini Marekani, nayo si hospitali. Kwa maneno mengine, mtu aliyelindwa asizuiwe na daktari alikuja kuzuiwa na askari magereza, na safari hii kwa kosa.

Halafu yakatokea mauaji. Januari 3, 1999, mjini New York, msichana mwenye umri wa miaka 32, Kendra Webdale, alikuwa akingoja treni ya chini ya ardhi. Kijana mwenye skizofrenia akamsukuma relini, akafa. Ilipochunguzwa ikaonekana kwamba kijana huyo alikuwa ameomba kutibiwa mara nyingi, akapokewa siku chache na kuruhusiwa, akarudi tena na kuruhusiwa tena. Mwaka huo huo jimbo likapitisha sheria yenye jina la Kendra. Kwa sheria hiyo jaji anaweza kumwamuru mgonjwa, mwenye historia ya kuacha dawa na kupata madhara, afuate matibabu akiwa nyumbani, huku jimbo nalo likiwajibika kumpa msimamizi wa kumfuatilia. Akikaidi anaweza kupelekwa hospitali kuangaliwa kwa muda usiozidi saa 72. California ilifuata mwaka 2002, kwa sheria yenye jina la Laura, msichana wa miaka 19 aliyepigwa risasi mwaka uliotangulia akiwa kazini. Leo karibu majimbo yote yana sheria ya namna hiyo.

Nilinde hapa jina la wagonjwa. Walio wengi hawamdhuru mtu, na mara nyingi zaidi wao ndio hudhuriwa. Lakini sheria nyingi duniani hutungwa baada ya msiba, na msiba huwa na sura moja tu.

Katika miaka ya karibuni upepo umezidi kuelekea upande huo. Mwaka 2022 California ilianzisha mahakama maalumu za kuwapangia matibabu watu wenye skizofrenia, na mwaka 2023 ikapanua maana ya kushindwa kujitunza, ikaingiza na wale walioharibiwa vibaya na ulevi na dawa za kulevya. Mwaka 2025 New York nayo ilipanua masharti yake. Na Julai 24, 2025, Rais Donald Trump alitia saini amri ya kuyahimiza majimbo kuwaondoa mitaani watu wasio na makazi, na kuwalaza wagonjwa kwa lazima kwa wepesi zaidi. Wanaounga mkono wanasema kumwacha mgonjwa afe barabarani si kumpa uhuru. Wanaopinga wanasema hizo ni njia za kurudi Chattahoochee.

Mimi nasema nini? Nikitazama historia hii naona kwamba pande zote mbili zimekuwa zikishindana juu ya upana wa mlango wa kuingilia, na kidogo sana juu ya kilicho ndani. Donaldson alikaa miaka 15 katika kitanda bila tiba. Kijana wa New York aliomba tiba, akakosa kitanda. Kosa ni moja katika shida zote mbili, nalo ni kwamba sheria ilimshughulikia mtu, tiba haikumshughulikia. Jaji anaweza kuamuru mlango ufungwe au ufunguliwe. Hawezi kuamuru kuwe na muuguzi pale ambapo hakuna mshahara wa muuguzi.

Hata hivyo, la hasha, sisemi kwamba utaratibu wa mahakama ni mzigo usio na faida. Kumzuia mtu kwa ajili ya kumtibu si adhabu, lakini kwa anayezuiwa ni kufungwa, na kila anayefungwa anastahili mtu wa kuuliza kwa nini, na tarehe ya kuulizwa tena. Hilo Elizabeth Packard alitufundisha, na nchi yoyote, ikiwamo yetu yenye Sheria ya Afya ya Akili ya mwaka 2008, ina la kujifunza hapo.

Sasa mama, nirudi kwako, maana historia haitakulaza usingizi.

Kwanza, hospitali kukataa kukwambia habari za mwanao ni sheria ya siri za mgonjwa, si dharau, nayo huondoka mwanao akitia saini ya kuruhusu. Lakini sheria inayowazuia wao kusema haiwazuii kusikiliza. Waandikie. Eleza ugonjwa ulianza lini, dawa gani alitumia akapata nafuu, dawa gani ilimdhuru, na ni nani katika ukoo aliyewahi kuugua hivyo. Sheria ya California iliyopitishwa mwaka 2001 inawataka wayazingatie maelezo ya familia.

Pili, mwanao akiwa mgeni anayezuiliwa, ana haki kwa mkataba wa kimataifa wa mwaka 1963 kuomba ubalozi wa nchi yake ujulishwe. Wenzake wamkumbushe. Wamkumbushe pia kwamba anaweza kumwita mtetezi wa haki za wagonjwa.

Tatu, na hili ndilo linalobeba uzito, ni wale vijana anaokaa nao. Kumbuka rafiki wa Donaldson. Katika California, mtu anayezuiwa kwa sababu ya kushindwa kujitunza anaweza kuachiwa ikiwa ndugu au rafiki anayeaminika ameandika kwamba yuko tayari kumsaidia chakula, mavazi na mahali pa kulala. Barua hiyo ina nguvu kisheria. Kwa hiyo wasiiandike kwa huruma ya siku moja. Waulizane kwanza kama kweli wataweza, nani atakuwa naye usiku, na nani atampeleka kliniki. Wakiona wanaweza, waiandike. Wakiona hawawezi, waseme ukweli huo hospitali, nao si usaliti.

Na ikiwa ataruhusiwa kisha akaacha tiba, mzazi ni miongoni mwa watu wanaoruhusiwa kuomba zile mahakama maalumu za California zimpangie matibabu.

Uliniuliza amefungwa kwa kosa gani. Hana kosa, mama. Na wewe uliyeogopa asifungwe, kisha ukaogopa asifunguliwe, huna kosa pia.

Ndugu wasikilizaji, hadi juma lijalo, nawatakia afya njema ya mwili na ya akili.